Upande wa Nyuma wa Karatasi

Jumatatu, 12 Mei

Sijawahi kumwambia mtu. Habari za saa moja jioni anazosoma Mjomba Seif redioni naziandika mimi.

Ilianza mwaka jana nilipokuja kukaa kwake kwa ajili ya shule. Mjomba ana sauti nzuri kuliko wote pale redioni, lakini kuandika ni mzigo kwake. Watu wa vijijini wanampigia simu, anachora maneno kwenye karatasi yoyote iliyo karibu, ananiachia mezani chini ya kikombe. Nikitoka shule nafua sare, nachambua mchele, naandika. Saa kumi na mbili anapitia, anachukua, anaondoka. Redio yenyewe ni vyumba viwili nyuma ya soko hapa mjini Masoko, lakini inasikika mpaka milima ya Kipatimu. Mama anaisikia kule Bondeni. Hajui anamsikia mwanawe.

Napenda kazi hii. Mimi ambaye darasani nikiulizwa swali nameza jibu ninalolijua.

Habari ya leo imetoka kwetu Bondeni. Ng'ombe wameingia shamba la ufuta la Bi Somoe. Ufuta ulishakatwa, umesimamishwa kwa matita ukauke. Mwalimu wa Kiswahili anasema mwanzo wa insha lazima umkamate msomaji. Nikaandika: "Wavamizi wenye mifugo wameteketeza jasho la mkulima wa Bondeni." Niliisoma kwa sauti mara tatu. Tamu.

Mjomba alicheka. "Hii ya moto, mama. Hii watasikia."

Jumanne, 13 Mei

Walisikia. Asubuhi muuza chapati alikuwa anamwambia mteja habari za wavamizi. Nilitembea mpaka shule nimejaa fahari. Naandika hivyo kwa sababu ndiyo kweli.

Darasani Kabula alichelewa. Tunakaa dawati moja tangu kidato cha kwanza. Yeye ni Msukuma, anakaa bweni, na kwao pia ni Bondeni. Baba yake, Mzee Masanja, alihamia kule na ng'ombe kabla hatujaanza shule ya msingi. Mimi na Kabula tulijitangazia utani wenyewe. Yeye husema sisi Wamatumbi tunalima mawe. Mimi humwambia kwao ng'ombe hulala ndani, baba akalala nje.

Leo mvulana wa nyuma alisema, "Mpisheni mvamizi apite."

Darasa lilicheka. Kabula naye alicheka. Alipokaa nikamtania kuhusu ng'ombe wao kama kawaida. Akafungua daftari.

Alhamisi, 15 Mei

Mjomba anasema simu hazikatiki. Kila mtu anataka habari za wavamizi. Ameniletea karatasi mbili leo.

Ya kwanza: mkulima amekuta mihogo yake imeliwa. Nikaandika jina lake, umri wake, idadi ya watoto wake.

Ya pili: kijana wa mifugo amepigwa njiani akienda kununua dawa ya kupe, amevunjwa mkono. Nikaandika: "Wananchi wenye hasira wamempa kichapo mfugaji mmoja."

Habari zilipokwisha kusomwa ndipo nikaona nilichofanya. Mmoja nilimpa jina, mwingine nikampa namba. Na hao "wananchi" waliompiga. Yeye si mwananchi? Kijana kavunjwa mkono, mimi nimeandika kichapo, kama mambo ya mpira.

Nilimwambia Mjomba aliporudi. Akasema ndivyo redio zote zinavyosema, hata kubwa. Ni kweli. Kule ndiko nilikojifunzia.

Jumamosi, 17 Mei

Naogopa.

Mjomba aliacha simu ikichaji. Kundi la mtandaoni la watu wa Bondeni lilikuwa linalia ovyo, nikafungua. Sauti ya mwanaume nisiyemjua: "Redio imeshasema. Wavamizi wanateketeza jasho letu. Sasa mnangoja nini? Ijumaa baada ya swala tunakutana ghalani. Kila mtu na chake mkononi."

Jasho letu. Sentensi yangu, karibu neno kwa neno, ndani ya koo la mtu mzima mwenye hasira. Nilirudia kuisikiliza.

Watu sabini na wawili walikuwa wameshaisikia kabla yangu.

Jumapili, 18 Mei

Mama amepiga. Anasema kaka yangu Athumani ananoa panga tangu jana, na msimu wa kufyeka umepita. Akimuuliza, anajibu ni la kazi. Kisimani wanawake hawachoti maji pamoja tena. Wake wa wafugaji wanakuja mchana wa jua, peke yao.

"Redio yenu huko inatuchoma," Mama alisema. "Mwambie mjomba wako."

Nilisema nitamwambia. Nikakaa chooni muda mrefu ili binamu zangu wasinione ninalia.

Jumatatu, 19 Mei

Kabula hakula leo. Wakati wa mapumziko tulikaa nyuma ya maabara. Baba yake amempigia: likizo ikianza asiende nyumbani. Wamehamisha ndama. Wadogo zake wanalala na viatu miguuni. Bibi yao hawezi kutembea na hakuna wa kumbeba umbali mrefu.

Kisha akaniuliza, "Mjomba wako si ndiye anayesoma? Nani anamwandikia?"

"Anasoma anachopewa," nilimjibu.

Kweli tupu na uongo mtupu.

Alinishika mkono akaniomba nizungumze naye. Akaniita mtani.

Jumanne, 20 Mei

Sasa naandika ambalo hata humu sikuliandika.

Karatasi ya Bi Somoe ilikuwa na upande wa nyuma.

Nimeitafuta leo. Sikuichoma, nilikuwa nimeikunja ndani ya kitabu cha Jiografia. Mbele: ng'ombe wameingia ufuta wa Bi Somoe, Bondeni, matita mengi yamekanyagwa. Nyuma, kwa mwandiko wa Mjomba wa kubanana: "mtoto wa kuchunga alilala. Masanja kaenda mwenyewe kuomba radhi. Wamepatana. Kampa mtamba mmoja."

Niliisoma siku ile. Sitasingizia kwamba sikuona. Niliona, nikafikiria: hii itapoza sentensi yangu. Nikaiacha. Mwalimu angesema nimejua kuchagua.

Nilimpelekea Mjomba ile karatasi. Nilimwambia kesho asome upande wa nyuma. Aliitazama, akaikunja.

"Redio haijikanushi, mama. Ikijikanusha leo, kesho nani ataisikiliza?"

"Watauana."

"Hawauani. Maneno tu. Watu wa kule nawajua."

"Athumani ananoa panga, Mjomba."

Akasema meneja hatakubali, na yeye ana watoto wanne. Akatoka bila kunywa chai.

Jumatano, 21 Mei

Nimefanya jambo. Naandika lilivyokuwa.

Sikwenda shule. Nilimpigia Mama, nikamwomba ampelekee Bi Somoe simu. Nilimwamkia, nikamuuliza kama kweli walipatana. Ana zaidi ya miaka sabini na husema kwa kelele, kama simu ni bomba la maji.

"Wee mtoto, huyo mtamba nimemfunga hapa mlangoni, anakula kanga yangu. Kupatana kukoje tena?"

Nikamwambia watu wanakutana Ijumaa kwa ajili yake.

"Kwa ajili yangu? Nimemtuma nani? Wakati wa kuvuna nilikuwa peke yangu na mgongo huu, hakuna hata mmoja aliyebeba tita."

Nilimwomba ruhusa niseme hivyo redioni. Akasema niseme, tena niseme kwa sauti.

Habari zina meneja. Lakini kabla ya habari kuna matangazo ya misiba na vilivyopotea, na yale hayana mwenyewe. Mtu yeyote huleta karatasi yake dirishani: nani amefariki, anazikwa wapi, mbuzi wa nani hajarudi. Ndicho kipindi pekee ambacho kila nyumba inanyamaza. Hata wanaogombana hunyamaza, kwa kuwa huenda jina litakalotajwa ni la mtu wao.

Niliandika karatasi yangu bila pambo lolote. Nilifuta mara nyingi. Saa kumi na mbili na nusu nikaipeleka dirishani. Anayesoma matangazo ni Dada Mwajuma. Aliisoma midomo ikicheza, akanitazama.

"Hili si la msiba."

"Bado," nilisema.

Sijui jibu lile lilitoka wapi. Akafungua mlango. "Mimi siwezi kulisoma. Ukitaka, kaa hapa usome mwenyewe. Nikiulizwa, nitasema uliingia."

Zilisomwa tanzia mbili na tangazo la baiskeli. Kisha akanisogezea kipaza sauti. Nilisema hivi:

"Mimi ni Rehema Mbonde, mwanafunzi, mzaliwa wa Bondeni. Habari ya Jumatatu ya wiki iliyopita kuhusu ufuta wa Bi Somoe niliiandika mimi. Sikuiandika yote. Mzee Masanja, mkazi wa Bondeni, baba wa watoto sita, alikwenda mwenyewe kumwomba Bi Somoe radhi. Alimpa mtamba, na Bi Somoe amepokea. Walipatana siku ileile. Nilijua, nikaacha. Niliwaita watu wavamizi. Ni majirani zetu. Bi Somoe anasema hajamtuma mtu yeyote kwa niaba yake. Kaka Athumani, kama unanisikia, baki nyumbani."

Nilipotoka Mjomba alikuwa mlangoni na karatasi zake za habari. Alikuwa amesikia. Alinipisha.

Alhamisi, 22 Mei

Bwenini huwa wanafungua redio. Kabula amesikia.

Amehamia dawati la mbele. Vitabu vyake vyote. Upande wake wa dawati una alama ya wino aliyoichora kidato cha kwanza, ng'ombe mwenye pembe kubwa.

Mvulana wa nyuma ameniita msaliti. Meneja amemwita Mjomba. Kwenye kundi la Bondeni wengine wanasema nimehongwa. Wengine wamenyamaza. Sijui wanyamavu wako wangapi, na hao ndio ninaowaogopa.

Ijumaa, 23 Mei

Saa saba. Watu wametoka msikitini. Mama hapokei simu.

Saa nane. Hapokei.

Saa tisa. Nimesafisha taa zote mbili, nimepanga vitabu, nimevipangua. Nikifunga macho naona ghala.

Saa kumi na moja. Mtandao hakuna kule.

Jumamosi, 24 Mei

Mama amepanda kilima kutafuta mtandao, akanipigia alfajiri. Nimemwomba aseme taratibu ili niandike.

Walikuja ghalani kama thelathini. Bi Somoe alitangulia. Alimkokota mtamba kwa kamba mpaka mlangoni, akamfunga kwenye nguzo, akakaa chini mbele yake. Aliwauliza mmoja mmoja kwa majina, na majina ya mama zao, nani kati yao ameibiwa. Mtamba akanya pale pale. Mtu mmoja akacheka. Mama anasema kicheko kile kilivunja kitu. Wengi waliondoka kwa vikundi, kama waliokuwa wanapita tu.

Si wote. Watano walikwenda. Walichoma boma la Mzee Masanja na vibanda viwili. Hapakuwa na mtu ndani: mzee alikuwa amesikia redio Jumatano, akaelewa kuna watu watakaokuja, akaitumia siku moja iliyobaki kumhamisha bibi kwa mkokoteni wa ng'ombe mpaka misheni. Debe la mahindi limeungua. Mbwa amekufa.

Athumani alibaki nyumbani. Mama hajui kama ni kwa sababu yangu. Anasema panga bado liko chini ya kitanda.

Hakuna mtu aliyekufa. Nimeandika sentensi hii, nikaitazama sana. Haina pambo.

Jumatano, 28 Mei

Mvua ya mwisho asubuhi. Halafu jua.

Mzee Masanja anahamisha familia, wanakwenda kwa ndugu upande wa Rutamba, ndani ya Lindi. Kabula amepewa ruhusa kabla ya likizo. Nilimkuta langoni na sanduku na ndoo. Nilichukua ndoo bila kuuliza. Tulitembea mpaka stendi. Nilimwambia anisamehe. Alisema bibi yake anaendelea vizuri. Nilingoja anitanie, hata kidogo, kuhusu mawe yetu. Hakunitania. Gari lilipofika alipokea ndoo yake, akasema asante, kama unavyomwambia mtu baki.

Nilisimama mpaka gari lilipopinda.

Mjomba alikuwa hajanisemesha tangu Jumatano ile. Leo nimerudi nikakuta kikombe mezani, na chini yake karatasi. Mwandiko wake wa kubanana. Nimefua sare, nimechambua mchele. Kisha nikakaa, nikaigeuza, nikaanza kusoma upande wa nyuma.