Jiwe la Juu ya Mfuniko

Nyahanga, Jumanne usiku

Nimelitupa, na sijuti hata kidogo. Nina furaha mpaka usingizi hauji.

Jiwe lile la kijani nililookota kwenye kifusi cha mgodi, dalali wa madini akaliita takataka, lilikuwa linachelewesha vitu, visipoe wala kuanguka upesi. Watu haliwacheleweshi. Nikiliweka juu ya mfuniko wa sufuria, wali wa asubuhi unabaki wa moto mpaka wachimbaji wapande mchana. Ndiyo maana mama lishe wenzangu walininunia, wateja wote walikuja kwangu.

Leo napakua, nikasikia magogo yanayoshikilia duara, shimo la wachimbaji, yanalia. Msimamizi, Mzee Maganga, akapiga kelele, "Duara linabomoka!" Na Baba Neema wangu alikuwa humo na wenzake.

Sikufikiri. Nikalinyakua jiwe juu ya sufuria, nikalitupa shimoni.

Udongo ukasimama hewani! Nimeuona mwenyewe, umening'inia kama chandarua. Wakapanda kamba mmoja mmoja, wa mwisho mume wangu. Alipokanyaga juu tu, nikasikia jiwe linapasuka huko chini, shimo likajifukia lote.

Maganga, anayenifukuza kila siku eti mwanamke akisogelea shimo analeta mkosi, akavua kofia. "Mama Neema, ng'wana wane, mwanangu..." Akainamisha kichwa kunishukuru. Nimefaidi kumwona hivyo!

Kesho wateja huenda wakanihama, maana bila jiwe wali wangu utapoa kama wa wengine, sijui.

Lakini leo tulipokaa kula, wali ulikuwa umepoa kabisa. Wakaula wote mpaka ukoko, na hakuna aliyenung'unika.