Dirisha Alilolifunga Fundi Randa

Jumatatu, 6 Mei
Kifua cha mjukuu wangu kimebana tena. Nausikia mluzi wa pumzi zake hata nikiwa chumba cha pili. Kichwa nacho kinanigonga — vanishi! Fundi Randa, seremala tunayepakana naye ukuta kwa ukuta, amepuliza makabati mawili tangu asubuhi. Nilimwendea. Akaniamkia kwa adabu, akaahidi kusogea nyuma ya banda. Hakusogea. Nikafunga dirisha, nikatia makaa kwenye chetezo, nikafukiza udi hadi harufu ile ikafa. Hapo ndipo wanafunzi ninaowafundisha humu chumbani wakasoma kwa utulivu.

Dirisha lenyewe ni kazi ya mkono wake. Mwaka jana nilimwomba alizungushie mpira, lisipitishe hewa hata kidogo. Akanitania: "Mzee, chumba nacho hupumua." Nilimwona mjuaji.

Jumatano, 8 Mei
Nimeiandikia kamati ya mtaa: nashuhudia mbele ya Mola kwamba maradhi ya mtoto huyu yatokana na karakana ile, wala si kingine. Majirani kumi na tisa wametia saini chini ya jina langu, wengine bila kusoma. "Mwalimu akishasema, mimi ni nani?" alisema mwenye duka.

Mkwe wangu, mama wa mtoto, alinong'ona kwamba hata siku ambazo Fundi hafanyi kazi mtoto hukohoa. Nilimnyamazisha. Kwa ukali.

Jumapili, 12 Mei
Muuguzi wa zahanati amekuja kumtazama mtoto. Binti mdogo, maneno yamenyooka. Alikuwa na kidude cha kupima moshi na vumbi hewani. Mbele ya banda la Fundi kilisoma sitini. Chumbani mwangu, darasa lilipokwisha tu na chetezo kingali kinafuka — mia tatu na kumi! Nikasema kimeharibika.

"Babu, tupime tena?"

Tukapima. Mia tatu na ishirini.

Akauliza kama kichwa huniuma, na wakati gani. Baada ya darasa, nikajibu, na nilipokuwa nikijibu nikayasikia maneno yangu mwenyewe. Akaeleza: makaa katika chumba kilichozibwa hutoa sumu isiyo na harufu, na moshi wa udi, uwe mtamu vipi, hushuka kifuani sawa na moshi wa jalala. Vanishi si njema pia, na mvuke wake kidude hakiupimi. Huwasha macho na koo, kwa hiyo Fundi apulize mbali na avae barakoa. "Lakini kinachomziba huyu zaidi, babu, kimo humu ndani."

Mkwe akambeba mtoto, akatoka naye uani. Afadhali angenilaumu!

Jumatatu, 13 Mei
Sikufukiza. Mtoto amecheza uani hadi adhuhuri bila mluzi.

Alasiri kamati imeamua: Fundi ahame kabla ya Ijumaa. Mwenyekiti alinipa mkono wa pongezi. Niliupokea. Nimeghadhibika siku nzima, na kila ninapomtafuta wa kumghadhibikia narudi nyumbani kwangu.

Alhamisi, 16 Mei
Nimeandika barua ya kutengua ushahidi wangu. Mwenyekiti hupokea barua mwisho saa sita mchana; ikichelewa leo, Fundi ameshahama. Nilipotoka nikamkuta Fundi Randa akipakia mbao kwenye mkokoteni. Akaacha, akanijia.

"Shikamoo, mzee. Mtoto anapumua?"

"Marahaba. Anapumua."

"Ile barua yako ya kunishtaki nilisomewa yote. Una maandishi mazuri."

Nikajitia kutazama mbao zake mkokotenini.

"Na mkwe wako kanieleza habari za kile kidude." Akanitazama. Akangoja. Mimi, niliyefundisha watu miaka arobaini, nikaipapasa barua mfukoni, nikaiacha humo. Basi akacheka kidogo. "Ngoja nikutolee ile mipira ya dirisha kabla sijaenda. Kazi yangu mwenyewe, naijua."

Sasa yuko juu ya ngazi. Ameniomba bisibisi. Nimeingia kuitafuta, nikaiona mara moja, nikaketi kuandika haya.

Ananiita: "Mzee, umelala?"

Ameita tena. Bisibisi ninayo mkononi. Barua imo mfukoni. Saa sita kasoro dakika kumi.