Baba Alivyofufuka Kwenye Filamu ya Du-hwan

Gunsan,
9 Novemba 1997

Mpendwa Shangazi Bong-nyeo,

Shikamoo. Goti linaionaje baridi ya Toronto? Sisi wazima. Mama ameshatia chumvi kabichi za achari ya msimu wa baridi, na mikono yangu bado inanuka vitunguu saumu.

Umeuliza kama kaka Du-hwan amepata kazi. Shangazi, ni mwongozaji wa filamu, kweli kabisa! Miaka kumi na minne aliandika miswada, huku akiwabebea waongozaji wakubwa nyaya za taa kule Seoul. Yote ilikataliwa. Baba alikuwa akisema, "Kuota ukiwa macho, hiyo nayo kazi?"

Mwaka huu mfadhili mmoja akakubali. Hadithi ilikuwa ya huzuni: kijana anamzika baba yake, kinyozi. Baba kusikia tu, akamwacha mteja kanyolewa upande mmoja. "Umeniua? Na mimi hapa nakula bado?" Wiki mbili hawakusemezana, ila "Umekula?" tu.

Siku ya kupiga picha za mazishi hapa Gunsan, mzee wa kuigiza maiti akateguka mgongo. Mfadhili akasema picha zisipopatikana leo, anafunga kazi. Du-hwan akaja kumpigia baba magoti.

Baba akakubali. "Ila nijinyoe kwanza. Maiti ya kinyozi haiwezi kuwa na ndevu."

Akalala jenezani, katulia kabisa. Yule mwigizaji kijana akalia kwa uchungu: "Baba, hukuniuliza hata siku moja kama nimekula!"

Maiti ikaketi. "Mwongo! Du-hwan nilimuuliza jana, na juzi pia!"

Waombolezaji hoi kwa kicheko. Mpiga picha hakuzima kamera.

Du-hwan alinuna siku mbili, akikitazama tena na tena kipande kile. Kisha akaandika upya nusu ya mswada, na baba hafi tena.

Wiki iliyopita tulikwenda Seoul kuitazama filamu. Ukumbi mzima ulicheka hadi machozi, isipokuwa baba. Tulipofika kituoni akamgeukia Du-hwan: "Sasa unaandika nini?"

Hakuwahi kumuuliza hivyo, Shangazi. Kaka alipoanza kueleza hakukamatika, treni mbili zikatupita, na baba anamwambia, "Hapo sijaelewa, rudia."

Msalimie mumeo na binamu Hyeok-jin. Mama anakutumia mwani. Wazee wetu waliotangulia wakutazame kwa jicho jema.

Mtoto wa kaka yako, akupendaye sana,
Tak Mal-sun