Cheo Nilichokitangaza Mapema

Jumapili, Hyattsville, Marekani

Na ni mimi mdomo mrefu niliyesimama kanisani nikatangaza kwamba mwanangu Wekesa anapandishwa cheo kwenye chuo anachofundisha! Kina mama wakapiga vigelegele, wakaanza kupanga mbuzi wa shukrani.

Leo amekuja kuniambia hakuna cheo. Mkuu wa idara alimtaka ampitishe kijana wa tajiri anayekisaidia chuo, kijana aliyelipa mtu amwandikie insha. Wekesa akakataa. Sasa hata mkataba wake hawaurefushi.

Nilimwambia, "Si ungempa tu hizo alama, baba? Nani angejua?"

"Mum, wewe ndiye ungenichapa wa kwanza."

Nilimsomesha nikiogesha wazee wa watu Silver Spring, mgongo ukaisha, halafu wanamtupa kwa sababu ya mtoto mvivu! Nina uchungu, hata chai imenishinda.

Jumapili ijayo nitawaambia kina mama kwamba mwanangu amefukuzwa kwa kukataa kudanganya. Nani kati yao ana mtoto kama huyo? Hakuna.

Ila naogopa nitaanza kulia kabla sijafika hapo pa kujisifu.