Bibi wa Kugonga Milango

Mardi, 4 juin 2024

Professeur Vital ameniita mu bureau yake. Anataka nitoe communication, hotuba ya wasomi, samedi 15: filme za kutisha na maana yake mu utamaduni wetu. Aliniangalia sawa mutu mwenye kugawa zawadi. Zawadi gani! Ni kazi yake mwenyewe, imemuchosha, njo anaitupa kwa assistant.

Na bado. Commune, serikali ya hapa, inaomba avis, maoni ya "wenye kusoma". Wachungaji wanalalamikia filme moja yenye kuonyeshwa kila dimanche mu salle ya video, nyuma ya soko. Bibi mufu anatembea anagonga milango za watu. Ati inaleta mapepo. Niliuliza muchungaji moja kama aliiona. — Hapana, mutu wa Mungu hawezi kuangalia vile! Sawa. Hajaiona, lakini anaijua yote.

Vital naye hajaiona. Weye utaangalia, Floribert, anasema, kisha tutasaini pamoja. Tutasaini!

Dimanche, 9 juin

Nimetoka mu salle. Mabati, mbao za kukalia, groupe ya umeme inanguruma inje, jasho, maganda ya karanga chini ya viatu vyangu. Watu kama mia moja, wengi ni wakimbizi wa Djugu, wale wa site, kambi yao.

Filme inatoka Asia, inchi gani sijui, na mule ndani hakuna mwenye kujua. Haina shida: kuko Dady. Dady njo mutafsiri. Anakaa mbele na mikro, anasemea watu wote — bibi, polisi, mutoto, hata mbwa. Asichosikia anatunga. Na hasikii kitu!

Filme yenyewe ni upuuzi. Damu ya rangi ya tomate. Katikati, bibi anaingia mu barabara yenye nyumba saba, anagonga mulango kwa mulango. Hakuna mwenye kusema neno, dakika tatu nzima. Mutafsiri mwenye akili angenyamaza. Dady wapi! Kila mulango anauita jina. "Ambroise wa moulin." "Mama Sandrine wa mandazi." "Orly mutoto wa catéchiste." Mu filme ya Asia! Nilicheka kwa sauti.

Nilicheka peke yangu. Wengine walisimama. Kila jina watu kidogo wanasimama, wanaume wanatoa kofia, mupaka salle yote iko wima. Muzee moja aliniguza bega, ati simama. Nilikataa. Nilienda pale kwa sayansi, si kwa kucheza.

Majina yote saba nimeyaandika. Annexe tamu kabisa, ya kutia mwisho wa kazi yangu!

Lundi, 10 juin

Kurasa kumi na ine tangu asubui. Hapa Bunia nani mwingine angeweza? Nimeonyesha kama mutafsiri anachekesha watu ili woga wao upungue, na kusimama kwao ni muchezo wa kitoto, wa watu wasiojua kutenga filme na maisha. Mwisho nimetia annexe: "Majina ya kuchekesha".

Avis ya commune mistari sita: filme ikatazwe. Kusema kweli sijali kama inakatazwa ao hapana, lakini "ikatazwe" inaonekana kama mutu amefikiri. Vital alisaini bila kusoma, akila ndizi. Planton, mutumishi wa bureau, ameshaipeleka.

Manuscrit niliacha kwa Jemima, ule wa secrétariat ya kupiga mashine karibu na rond-point. Anapiga haraka na haulizi maulizo. Kwa mutu wa kupiga mashine njo sifa ya kutosha.

Mardi, 11 juin

Bado. Jemima amefika ku page ya mwisho, anasema kichwa kinamuuma. Page moja! Watu hawa.

Mercredi, 12 juin

Nilienda na hasira yangu tayari. Nilikuta Jemima amekaa mbele ya mashine, mikono juu ya magoti. Annexe iko pale mbele yake, hajapiga hata herufi.

— Papa Assistant, majina haya ulitoa wapi?

Nilimwambia: mu filme, mutafsiri alitunga. Akasema hapana, haya hakuna mutu alitunga. Ambroise njo alikuwa na moulin ya kusaga unga mu kijiji chao. Mama Sandrine alimuuzia mandazi miaka yote ya masomo. Akatia kidole ku mustari ya saba, "Antoine wa vélo".

— Huyu ni kaka yangu.

Ile siku walipokimbia kijiji juu ya vita, Antoine alirudi kubeba baba yao ku vélo, baiskeli yake. Tangu pale hakuna habari. Miaka ine sasa. Mama yao anamupakulia chakula kila mangaribi, anafunika sahani, asubui anawapa watoto wa site. Matanga hawajakaa. Utakalia nani matanga na hakuna mutu aliona mwili?

Nilisema pole. Ilitoka sauti ile ninatumia kwa wanafunzi wenye kufeli. Nikashika karatasi zangu zote, na annexe, nikaenda. Njiani nilikasirika sana — na yeye, na Dady, na Antoine mwenyewe! Mupumbavu gani anakasirikia mutu wa vile? Miye.

Jeudi, 13 juin

Nimekuta Dady ku nyumba yake, anaunga waya ya mikro. Aliniita Prof. Hakuficha kitu. Pale ku milango filme haina maneno, anasema, na ukimya ule ulimushinda. Dimanche ya kwanza jina la Ambroise lilimutoka tu mu kinywa. Mutu moja akasimama. Dimanche ya pili walikuja kumi, wakamuomba majina mengine. Anataja saba juu milango ni saba. Mu kijiji chao wenye kufa walikuwa wengi zaidi, anabadilisha.

— Sita ya sasa nilizika na mikono yangu, Prof.

— Na wa saba?

Aliweka waya chini. Antoine hakumuzika. Aliona vélo tu, mu majani, gurudumu moja limepinda. Wenzake walimuambia ile inatosha kumuhesabu ku wafu. Haina kutosha, anasema, na kila dimanche mulango wa saba unamuchoma roho.

Aliniuliza kama nitaandika mazuri juu ya filme yake. Nilisema tutaona.

Nilipita mbele ya rond-point. Jemima alinipungia mukono. Sikusimama.

Vendredi, 14 juin

Nilienda commune kuomba avis irudi. Mutu wa guichet ya kupokea karatasi alicheka: karatasi yenye saini mbili hairudi. Kwa Vital pia nilienda. — Floribert, usilete sentiments mu sayansi. Maneno yangu mwenyewe! Niliwaambia hivyo wanafunzi mara ngapi?

Samedi, 15 juin

Nimesoma. Bila annexe, lakini kurasa zingine zote nilisoma, na sauti nzuri. Walipiga mikono. Kwa "muchezo wa kitoto" walicheka, Vital kuliko wote. Jasiri kabisa, assistant Floribert. Aibu tupu.

Dimanche, 16 juin

Niko mu salle, naandika juu ya goti. Jemima iko mbele, ubao wa pili, na mama yake. Mama mudogo wa mwili, kitambaa cha kanisa ku kichwa. Nani alimuambia aje? Miye sikusema kitu. Dady amewaona. Leo anakosea kosea, mbwa amesema na sauti ya polisi.

Barabara. Mulango ya kwanza. Ambroise wa moulin. Wanasimama. Ya pili. Ya tatu — nimesimama na miye, kidaftari mukononi, ni mara ya kwanza.

Ya ine. Wanaume wawili wameingia na karatasi, najua ile karatasi. Mmoja anapigia Dady kelele: acha! Ya tano. Mwingine ametoka inje. Ya sita, Dady iko anaita haraka haraka —

Groupe imezimika. Picha imekufa, mikro imekufa. Mulango wa salle umefunguliwa, mwangaza unaingia, kila mutu bado wima. Huyu wa commune anasoma: kufuata avis ya wataalamu. Anataja Vital, ananitaja miye. Jemima amegeuka, ananiangalia.

Mama ya Jemima peke yake hakusimama. Macho yake bado ku kitambaa cheupe cha filme.

— Baba, na nyumba ya mwisho? anamuuliza Dady. Ilikuwa ya nani?

Dady ananiangalia na yeye.

Annexe iko mu mufuko yangu. Mustari ya saba. Na juu yake, na mwandiko yangu, "Majina ya kuchekesha".