Maswali Niliyoyasoma kwa Kiswahili

Dada Eunju,

Jumamosi mchana tuliionyesha filamu yako, katika ukumbi mdogo pale Phillips, kwenye jumba la sanaa. Theluji ilianguka tangu asubuhi, nikadhani hatatokea mtu. Viti vilijaa. Na kaka yako alikuja. Kaka yako mwenyewe, kutoka Korea, na mwanawe wa kumtafsiria.

Mwanzoni sikukuelewa, nakiri. Tulikuwa tukifua nguo pamoja katika nyumba ya wazee, mtaa wa Columbia Heights, ukaniambia unatengeneza filamu juu ya kaka yako, mwanafunzi aliyekamatwa zamani na wanajeshi waliotawala kwenu kwa sababu ya vikaratasi vya kuwapinga, akarudi nyumbani hasemi. Nikangoja kuona askari na magereza. Wewe ukapiga picha mikono yako tu, ikikunja karatasi nyeupe, moja baada ya nyingine, dakika kumi na moja. Kisha ukaniomba nisome kwa Kiswahili maswali ambayo askari walimuuliza. Nikakuuliza kwa nini. Ukasema, "Kwa Kikorea siwezi kuyasikia."

Nilisoma mara tisa. Kila nilipotia ukali ulinisimamisha. Ulitaka sauti ya karani aliyechoka. Ulikuwa fundi, dada. Hata ugonjwa ulipokulaza uliendelea kuihariri filamu kitandani, na waliotaka uongeze maelezo uliwakatalia kwa upole.

Basi filamu ikaisha. Kaka yako akauliza ile sauti ni ya nani. Nikainua mkono. Akaomba niyasome tena, pale pale. Nikasoma kwa Kiswahili, kisha kwa Kiingereza, mwanawe akamgeuzia kwa Kikorea. Akajibu swali moja moja, mikono nyuma. Nikafika lile la mwisho: "Nani alikusaidia?"

Halafu akasema, "Mdogo wangu alivikunja vile vikaratasi. Alikuwa na miaka tisa. Ndiyo maana sikusema."

Mwanawe alitafsiri, kisha akamgeukia. Alikuwa hajawahi kumsikia baba yake akilitaja jambo hilo.

Nami hukuniambia, Eunju. Miaka yote ile tumeshika ncha za mashuka, wewe huku, mimi huku, na hukuniambia.

Lala salama, dada. Filamu yako haitakatwa hata kidogo nikiwa hai. Alhamisi nina ofu kazini. Nitamleta kaka yako kaburini, kisha nitarudi kwenye gari, nyinyi mzungumze.

Mdogo wako,
Neema