Anayeshika Kamba Yako

Tarehe 4 Machi

Baba Kibonge, mume wangu,

U hali gani huko? Sisi wazima, ila Kibonge ana mafua, na uji hanywi mpaka nijifanye namnyang'anya.

Picha yako imefika. Nimekuona unaelea juu ya paa la kiwanda, miguu hewani, unacheka. Kweli hiyo elea mnayoichemsha ni maajabu, inafuta uzito kabisa. Hata hapa mzee wa maji amefunga kipande cha elea chini ya mkokoteni wake, sasa anasukuma mapipa sita huku anapiga mluzi.

Lakini niambie kitu kimoja tu. Hiyo kamba ya kiunoni mwako inashuka mpaka kiunoni mwa mwanamke. Ni nani? Nilimwonyesha fundi viatu picha, akasema, "Shemeji, huyu bwana kafungwa barabara!" Watu wakacheka. Mimi sikucheka.

Mkeo,
Mama Kibonge


Tarehe 19 Machi

Mama Kibonge, mpenzi,

Nakusalimu sana, na mtoto mpe pole ya mafua. Mimi mzima, mikono tu imechubuka.

Usinune. Huyo ni mshika kamba wangu. Elea ikichemka, mvuke wake unamtoa mtu uzito wote. Mkorogaji akikosa mtu wa kumshika chini, anakwenda zake mawinguni. Kwa hiyo kila mkorogaji ana mshika kamba wake. Wangu tunamwita Nanga. Hana maneno mengi. Kamba ikitikisika kidogo tu, anajua nimechoka, ananishusha kabla sijasema. Nikiwa juu hata uso wake siuoni, naona utosi.

Mumeo,
Baba Kibonge


Tarehe 2 Aprili

Baba Kibonge,

Hujambo? Sisi hatujambo. Mafua yamepona.

"Anajua nimechoka, ananishusha kabla sijasema." Maneno hayo niliyasoma huku napiga pasi nguo za watu, nikaunguza kola ya shati la mwalimu. Mimi niliyelala ubavuni kwako tangu tuoane, umewahi kuniambia kwamba najua? Leo mwenye utosi ndiye anayejua! Na huo utosi umesukwa vizuri, nimeuona kwenye picha, usinifanye kipofu.

Tafuta mwanamume akushike. Ama yeye, ama mimi. Wivu ninao, sikatai.

Mkeo, kama bado,
Mama Kibonge


Tarehe 30 Mei

Baba Kibonge,

U mzima kweli? Safari hii nauliza kwa moyo wote. Posta wameshanizoea, karani akiniona tu anatikisa kichwa kabla sijafika dirishani.

Kibonge amesimama peke yake! Alishika ndoo ya nguo, akaiachia, akaniangalia kama amepewa cheo. Nikageuka nikuite, nikakumbuka hupo.

Umenikasirikia? Au umeshamchagua yeye? Kama ni hivyo sema, nijue moja.

Mama Kibonge


Tarehe 21 Juni

Mama Kibonge, mke wangu,

Salamu kwako na kwa huyo mwenye cheo. Nivumilie mwandiko, natumia mkono wa kushoto. Nilikuwa nimelazwa.

Nilifanya ulivyotaka. Nilimwomba msimamizi, akanipa mwanamume mmoja tunayemwita Redio. Ni mtu mwema, ila mdomo haupumziki. Siku moja alikuwa anamsimulia mwenzake mechi, akafungua kamba kiunoni amwonyeshe jinsi goli lilivyofungwa. Nikapanda. Nikapita paa, nikapita bomba la moshi, watu chini wakawa kama punje za mchele. Nilikuita, unajua? Wewe na mtoto.

Nanga ndiye aliyekimbilia ngazi ya bomba. Akapanda mpaka juu kabisa, akanirushia kamba, nikaidaka. Alipokuwa ananivuta mvuke ukaniishia, uzito ukanirudia ghafla, nikajigonga kwenye ngazi. Bega likavunjika. Sasa linaunga.

Sikulaumu. Mwezi wa nane narudi kazini, na msimamizi ameniuliza nani anishike. Namtaka Nanga. Nakwambia kabla, siyo baada. Bila neno lako sipandi.

Mumeo,
Baba Kibonge


Tarehe 1 Julai

Baba Kibonge wangu,

Pole. Pole tena. Bega linauma usiku? Unakula? Nimelia mpaka Kibonge akanifuta macho kwa soksi yake.

Nanga akushike. Wivu haujaisha, nisikudanganye. Nikifikiria anavyokuvuta, natamani mikono ile ingekuwa yangu. Lakini nikikufikiria unalipita lile bomba, hapana. Bora wivu, nimeshauzoea.

Sisi tunakuja kabla hujarudi kazini. Tafuta chumba, hata kidogo, dirisha lielekee kiwandani. Pasi naja nayo, na huko nguo hazikosi kujikunja.

Sasa msomee Nanga maneno haya, usipunguze hata moja:

Dada, asante. Akiwa juu, mshike kwa nguvu zako zote, wala usipepese jicho. Akishakanyaga chini, mwachie.

Mkeo,
Mama Kibonge